Asiye Steringi: Daniel Kaluuya na Kazi ya Nafasi Ndogo

Mhadhara wa hadhara uliotolewa Rukoki, wilayani Kasese



Nawashukuru walionialika, na zaidi nawashukuru kwa kuniachia nizungumze Kiswahili. Hapa Kasese lugha hii haikungoja Baraza la Mawaziri liipitishe Julai 2022. Ilikuwapo zamani. Ilishuka na reli iliyofika mjini mwaka 1956, ikakaa na wachimba shaba wa Kilembe waliotoka kila upande, na hadi leo kila siku ya soko Lubiriha inavuka mpaka pamoja na vitenge na mafuta ya mawese. Kwa hiyo sitaomba radhi kwa kuitumia.

Kusudi langu ni kueleza maisha na kazi ya mwigizaji mmoja Mwingereza ambaye wazazi wake ni Waganda, Daniel Kaluuya. Najua wapo watakaosema tumekuja kusikia sifa za mtu mashuhuri. Sivyo. Nataka maisha hayo yanisaidie kutetea dai moja: mwigizaji hatengenezwi na nafasi kubwa. Hutengenezwa na nafasi ndogo nyingi, na nafasi ndogo hazioti zenyewe. Lazima pawe na watu wanaozitoa. Nitalitetea dai hilo kwa hoja sita, kisha nitawaambia linatudai nini sisi wa Rukoki.

Hoja ya kwanza: Hadithi haiendeshwi na steringi peke yake

Vijana wa vibanda vya video mnanielewa nikisema "steringi". Ndiye tunayemlipia kiingilio. Risasi zinamkwepa, gari lake halizimiki, na akifa kabla ya mwisho watu wanadai kurudishiwa pesa. (Msicheke, nimeyaona.) Wengine wote kwenye filamu tunawaita kwa kazi zao: adui, bosi, yule mlevi, yule mzee wa duka.

Lakini msikilizeni vizuri VJ, msimulizi wa kibandani, anapotafsiri filamu. VJ Jingo au VJ Junior akiwa kazini, steringi humpa maneno ya kishujaa, na kicheko humpa nani? Humpa mlevi. Humpa mzee wa duka. VJ anajua jambo ambalo mtazamaji hajali: mtu mdogo wa hadithi ndiye mwenye nafasi ya kuwa mtu kamili, kwa sababu hana mzigo wa kushinda vita.

Uingereza ina hazina kubwa ya waigizaji wa aina hiyo, watu ambao sura zao unazijua na majina yao huyajui. Chukueni mfano unaotugusa. Mwaka 1951 mwongozaji John Huston alikuja na Humphrey Bogart na Katharine Hepburn kupiga filamu ya The African Queen. Walifanya kazi Kongo, kisha wakaja kwetu Uganda, Butiaba kwenye Ziwa Albert na maeneo ya maporomoko ya Murchison. Mmisionari katika filamu hiyo, Mchungaji Samuel Sayer, aliigizwa na Robert Morley, Mwingereza mnene mwenye sauti nzito. Morley hakukanyaga Afrika; sehemu zake zilipigwa Uingereza. Yuko kwenye filamu kwa muda mfupi, kisha anakufa. Hata hivyo, iondoeni ile sehemu yake mwone kama kuna filamu. Ni kifo cha mmisionari kinachompandisha dada yake kwenye mashua, na safari yote inatoka hapo. Steringi walipata jua, mbu na sifa. Morley alipata dakika chache, na dakika hizo zikaibeba hadithi nzima.

Hoja ya pili: Zamani nafasi ndogo ilikuwa jela, na wafungwa wake walituigiza sisi

Nisipolisema hili nitakuwa nimewadanganya. Kusifia nafasi ndogo ni rahisi kwa mtu aliyeichagua. Kwa waigizaji weusi wa Uingereza wa kizazi cha babu zetu, nafasi ndogo ndiyo pekee iliyokuwapo.

Mtazameni Earl Cameron. Alizaliwa Bermuda mwaka 1917, akawa baharia, akafika London mwaka 1939. Vita vikaanza, kazi ikawa ngumu, akaosha vyombo kwenye mahoteli. Alimwomba rafiki yake aliyekuwa kwenye mchezo wa jukwaani uitwao Chu Chin Chow amtafutie nafasi, na mwigizaji mmoja alipokosa kutokea, Cameron akaingia. Baadaye alijifunza kutumia sauti kwa Amanda Aldridge, binti wa Ira Aldridge, Mmarekani mweusi aliyemwigiza Othello jijini London mwaka 1833. Mnaona mnyororo ulivyo: baba alitangulia jukwaani, binti akamfundisha baharia.

Mwaka 1951 Cameron alipata sehemu nzuri katika Pool of London, hadithi ya baharia mweusi na msichana mweupe. Wengi walidhani mlango umefunguka. Haukufunguka. Kilichofuata ni filamu za "Afrika". Mwaka 1955, vita vya Mau Mau vikiwa bado vinapiganwa, alimwigiza Karanja katika Simba, daktari Mkenya mwema anayekwama kati ya watu wake na wazungu. Mwaka 1956, katika Safari, akamwigiza Jeroge, mtumishi wa nyumbani anayegeuka kuwa muuaji wa Mau Mau. Huyo huyo mtu wa Bermuda! Mwaka huu yeye ni Mkenya mwema kupita kiasi, mwaka ujao ni Mkenya mbaya kupita kiasi. Pembeni yake alikuwa Orlando Martins, Mnijeria, ambaye mwaka 1946 alikuwa mganga wa Tanganyika katika Men of Two Worlds, na katika Simba akawa mzee wa kijiji. Watu wa Bermuda na Lagos walivalishwa mashuka wakatuwakilisha sisi kwa miaka mingi.

Sisemi hayo kuwalaumu. Nasema walifanya kazi ngumu kuliko tunavyodhani. Mwandishi alimpa Cameron mtu wa karatasi, na Cameron akamtia pumzi. Daktari Karanja ukimtazama leo, maneno yake yamechakaa, lakini macho yake hayajachakaa. Cameron aliishi hadi Julai 2020, akiwa na umri wa miaka 102. Mwaka 2005 alimwigiza rais wa nchi ya Kiafrika ya kubuni katika The Interpreter, na mwaka 2010 alionekana kwa muda mfupi katika Inception. Alifanya kazi kwa takriban miaka 70 bila kuwa steringi mara nyingi. Aliyekuja baada yake aliukuta mlango umeshalegea bawaba.

Hoja ya tatu: Mtoto wa nyumba za halmashauri alikuta milango miwili wazi

Daniel Kaluuya alizaliwa London tarehe 24 Februari 1989. Mama yake, mhamiaji kutoka Uganda, alimlea yeye na dada yake katika nyumba za halmashauri mtaani Camden, kaskazini mwa jiji. Hawakuwa na jina kubwa wala mjomba kwenye televisheni. Waliozoea kusema kwamba sanaa ni ya watoto wa matajiri waliandike hilo mahali.

Alipokuwa na miaka 9 aliandika mchezo wa kuigiza. Wengi wetu hapa tumeshaona watoto wa darasa la tatu wakiandika mchezo; tunausoma, tunacheka, tunawaambia wakamalize hesabu. Mchezo wa Kaluuya ulionyeshwa Hampstead Theatre, jukwaa la watu wazima lenye heshima zake. Bila shaka kuna mtu mzima aliyeusoma mpaka mwisho, na kuna jumba lililokubali kutoa siku yake kwa ajili ya mtoto.

Kisha kuna sehemu mbili ambazo naomba walimu mzishike. Ya kwanza ni shule ya uigizaji ya Anna Scher, iliyoanza mwaka 1968 mtaani Islington kama kikundi cha watoto baada ya masomo. Mama Scher, aliyefariki mwaka 2023, hakufundisha watoto kuongea Kiingereza cha kifalme. Aliwapa hali fulani, akawaambia waendelee nayo kwa maneno yao wenyewe. Ya pili ni Weekend Arts College, iliyoanzishwa mwaka 1978 kwa ajili ya vijana ambao wazazi wao hawana uwezo wa kulipia masomo ya ngoma, muziki na maigizo. Kama jina linavyosema, ni ya mwisho wa wiki. Mtoto anakwenda shule siku tano, na siku ya sita anakwenda kujifunza kuwa mtu mwingine.

Hakuna kati ya hizo mbili iliyokuwa na majengo ya fahari. Zilichokuwa nacho ni ratiba isiyovunjwa na mtu mzima anayefika kwa wakati. Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo: Kaluuya alipofika umri wa kutafuta kazi, alikuwa ameshasimama mbele ya watu mara nyingi bila malipo.

Hoja ya nne: Kila nafasi ndogo ilimfundisha jambo ambalo nafasi kubwa ilikuja kulidai

Hii ndiyo hoja kuu ya mhadhara, mniruhusu nikae hapa kidogo.

Mwaka 2007 televisheni ya Uingereza ilianza kuonyesha Skins, tamthilia ya vijana wa mji wa Bristol. Kaluuya alikuwa Kenneth, kijana anayeongea kama mtoto wa lodi akiwa na hawa, na kama mtoto wa mtaani akiwa na wale. Ni nafasi ya kuchekesha watu. Pia alikuwa mmoja wa waandishi chipukizi wa tamthilia hiyo. Alijifunza mapema kwamba sauti ni vazi, na kwamba maneno anayopewa mwigizaji yaliandikwa na mtu aliyekaa chini akafikiri.

Mwaka 2009, katika vichekesho vya kutisha vinavyoitwa Psychoville, alikuwa kijana aliyehukumiwa kutumikia jamii, akapangiwa kumhudumia mzee kipofu mwenye tabia ngumu. Mzee ndiye mwenye maneno. Kazi ya Kaluuya ilikuwa kusikiliza na kushangaa, na kusikiliza mbele ya kamera ni kazi ngumu kuliko kusema.

Mwaka 2010 akapanda jukwaa la Royal Court jijini London kwenye Sucker Punch, mchezo wa Roy Williams kuhusu vijana wawili weusi wanaojifunza ndondi katika Uingereza ya miaka ya 1980. Jukwaa liligeuzwa ulingo, na yeye akafanya mazoezi ya bondia ili mwili wake usiseme uongo. Alipata tuzo za mwigizaji bora chipukizi. Mwaka uliofuata alikuwa wakala mdogo, msaidizi wa Rowan Atkinson, huyu mnayemwita Mr Bean, katika Johnny English Reborn. Bosi haoni kitu, kijana anaona kila kitu, na kila mara bosi ndiye anayeaminiwa. Walimu wasaidizi mliopo hapa nadhani mmeitambua hadithi.

Mwisho wa mwaka huo huo wa 2011 ikaja sehemu moja ya tamthilia ya Black Mirror. Humo yeye ni kijana anayeendesha baiskeli isiyokwenda popote ili apate pointi za kununulia maisha. Mwishoni anasimama mbele ya majaji akiwa ameshika kipande cha kioo shingoni mwake, anamwaga hasira yote. Huko Marekani mchekeshaji aitwaye Jordan Peele aliiona hotuba ile, akaiweka moyoni.

Sasa ndugu zangu wa Bwera, sikilizeni. Mwaka 2013, jumba la Young Vic la London lilionyesha mchezo wa Aimé Césaire wa Martinique kuhusu Kongo ya uhuru. Chiwetel Ejiofor alimwigiza Patrice Lumumba. Joseph Mobutu aliigizwa na kijana wetu Kaluuya, akiwa na miaka 24. Ninyi mnaoishi hatua chache kutoka Kasindi mnajua Mobutu alikuwa nani kuliko watazamaji wale wa London. Mliishi ng'ambo ya Zaire yake, mkahesabu noti zenye sura yake. Mtu huyo alianza kama rafiki na msaidizi wa Lumumba, akaishia kuitawala nchi kuanzia 1965 hadi 1997. Ukimwigiza kama jini tangu dakika ya kwanza, mchezo umekufa. Lazima kwanza awe mtu unayeweza kunywa naye chai. Aliyezoea nafasi za pembeni anaijua kazi hiyo: kusimama nyuma ya mkubwa, kutazama, kungoja.

Kisha likaja tukio lililomfanya ajulikane duniani. Jordan Peele alimkumbuka kijana wa kioo, akampa nafasi ya kwanza katika Get Out, filamu ya mwaka 2017 iliyogharimu takriban dola milioni 4.5 na kuingiza zaidi ya dola milioni 250. Yeye ni mpiga picha mweusi anayetembelea wazazi wa mpenzi wake mweupe. Hapo alikuwa steringi. Lakini tazameni anachofanya katika tukio lile maarufu la kiti: amekaa, hawezi kusogea, macho yamefunguka, machozi yanashuka. Hakuna ngumi wala risasi. Anafanya kazi ya Psychoville, ya kusikiliza. Anafanya kazi ya Black Mirror, ya hasira iliyobanwa. Nafasi kubwa ilipofika ilimdai vitu alivyojilimbikizia kwenye nafasi ndogo. Aliteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji bora.

Na Oscar aliyoishinda ni ipi? Tarehe 25 Aprili 2021 alishinda Oscar ya mwigizaji bora msaidizi kwa kumwigiza Fred Hampton, kiongozi wa chama cha Black Panther katika jimbo la Illinois aliyeuawa na polisi jijini Chicago tarehe 4 Desemba 1969 akiwa na umri wa miaka 21 tu. Kwa ajili ya hotuba za Hampton alifanya mazoezi ya sauti ili kifua kistahimili kupaza maneno mbele ya umati, na alikaa na familia ya marehemu kabla ya kuanza. Akawa Mwingereza mweusi wa kwanza kushinda Oscar ya uigizaji. Kuna kichekesho hapo: yeye na mwenzake LaKeith Stanfield, aliyemwigiza msaliti wa Hampton, wote waliteuliwa kama wasaidizi kwa filamu moja. Watu wakauliza, steringi basi ni nani? Swali hilo mimi nalichukua kama ushahidi wangu bora.

(Usiku ule pia aliwashukuru wazazi wake kwa kukutana na kumzaa, kwa maneno ya wazi kiasi kwamba dada yake, aliyekuwa ukumbini London na mama yao, alifunika uso. Maneno yenyewe siyarudii mbele ya wazee.)

Hoja ya tano: Haki ya kumwigiza mtu hulipiwa kwa kazi

Get Out ilipotoka, Samuel L. Jackson aliuliza redioni kwa nini nafasi ya Mmarekani mweusi apewe Mwingereza. Kaluuya alijibu kwa uchungu kwamba amechoka kudaiwa uthibitisho wa weusi wake. Mahali pengine anaambiwa ni mweusi mno, na Marekani anaambiwa weusi wake hautoshi.

Sisi hatuwezi kulitazama swali hilo kama la mbali. Rais wetu wa zamani, Idi Amin, aliigizwa na Mkenya Joseph Olita katika filamu ya mwaka 1981, na mwaka 2006 na Mmarekani Forest Whitaker katika The Last King of Scotland, iliyopigwa hapa Uganda. Whitaker alijifunza Kiswahili na hata kupiga kodiani, na akapata Oscar. Wenzetu Stephen Rwangyezi, mwanzilishi wa kikundi cha Ndere, na Abby Mukiibi walikuwa humo katika nafasi za pembeni. Mwaka 2016 kocha wa chesi Robert Katende aliigizwa na David Oyelowo, Mwingereza mwenye wazazi Wanijeria, katika Queen of Katwe. (Katwe ya Kampala, si yetu ya chumvi. Yetu bado inangoja filamu yake.)

Maoni yangu ni haya. Whitaker hakuzaliwa na haki ya kumwigiza Amin, aliilipia kwa kazi. Kaluuya aliilipia haki ya kumwigiza Hampton. Kinachonikera ni mlango wa upande mmoja. Mgeni anakuja kutuigiza na kupewa mwaka mzima wa maandalizi, na sisi hatupewi siku moja ya kumwigiza mgeni. Tutakapoanza kumwona kijana wa Kasese akimwigiza mfalme wa Denmark, na watu wasiulize kwa nini, swali la Jackson litakuwa limepata jibu.

Katika hoja hiyo hiyo nigusie madai ya kwamba Kaluuya ni "wetu". Tulifurahi aliposhinda, na ni haki yetu. Katika filamu ya Black Panther ya mwaka 2018 alisimama pamoja na Lupita Nyong'o wa Kenya na Florence Kasumba, aliyezaliwa Kampala akakulia Ujerumani, na sisi tukawahesabu wote upande wetu. Hata mashabiki wa Arsenal mna lenu: mfululizo ule wa televisheni wa matukio ya ndani ya klabu, uliotoka mwaka 2022, msimulizi wake ni yeye. Makofi yatosha, asanteni. Lakini kazi ya kumlea ilifanywa na Camden. Tusijisifie mavuno ya shamba ambalo hatukulilima.

Hoja ya sita: Jukwaa letu tulikuwa nalo, likavunjwa

Msije mkadhani namaanisha kwamba jukwaa ni la Waingereza. Jumba la Taifa la Maigizo lilifunguliwa Kampala mwaka 1959. Kuanzia mwaka 1965 wanafunzi wa Makerere walizunguka nchi na maigizo ya bure, wakicheza viwanjani na mashuleni kwa Kiingereza na kwa lugha za hapa. Jirani yetu John Ruganda wa Fort Portal aliandika The Burdens mwaka 1972, mchezo unaohitaji watu wachache tu na nyumba moja, na bado unasomwa. Robert Serumaga alikipeleka kikundi chake cha Abafumi hadi Ulaya. Rose Mbowa alifundisha Makerere kizazi baada ya kizazi.

Halafu mwaka 1977 Byron Kawadwa, mkuu wa Jumba la Taifa, alirudi kutoka tamasha la sanaa la Lagos alikokuwa amepeleka mchezo wake. Watu wa Amin wakamchukua, wakamuua. Wengine wakakimbilia Nairobi na kwingineko. Jukwaa halifi kwa kukosa mbao. Hufa pale wenye kufundisha wanapouawa au kukimbia, na watoto waliokuwa wakingoja zamu yao wanabaki bila wa kuwapa.

Ndiyo maana mwaka huo wa 1977, kijana mwenye kipaji hapa Kasese hakuwa na pa kukipeleka, wakati London kikundi cha Anna Scher kilikuwa na miaka 9 na Weekend Arts College ilikuwa karibu kufunguliwa.

Hitimisho: Yanayotudai

Ndugu zangu, nimekwisha kutetea dai langu. Sasa yale yanayowezekana hapa, bila kungoja mfadhili.

Jambo la kwanza ni chumba na saa. Kila Jumamosi, darasa moja la shule moja hapa Rukoki na moja Bwera lifunguliwe kwa watoto wa kuigiza, mwaka mzima. Sasa tunafanya mazoezi wiki tatu kabla ya mashindano ya shule ya muziki, ngoma na maigizo, kisha tunafunga hadi mwaka ujao. Kwa njia hiyo tunapata vikombe na hatupati waigizaji.

Jambo la pili ni mtaala. Tangu mwaka 2020 Kiswahili kimewekwa kuwa somo la lazima katika miaka miwili ya kwanza ya sekondari, na sanaa za maonyesho zimo katika orodha ya masomo ya kuchagua. Walimu wa masomo hayo mawili wakutane. Mwanafunzi anayeshindwa kuandika insha ya Kiswahili huenda akaweza kuigiza mwanamke wa Lubiriha anayebishana na askari wa forodha, na humo akajifunza sarufi yote.

Jambo la tatu ni namna ya kuandika. Andikeni michezo yenye watu wengi wadogo. Tuna mafuriko ya Nyamwamba ya Mei 2013 na yale ya Mei 2020: muuguzi anayehamisha wagonjwa Kilembe, dereva wa bodaboda aliyezuiliwa na daraja lililokatika, mzee aliyekataa kuhama. Huo ni mchezo wa watu ishirini na hauna steringi. Andikeni kwa Lhukonzo, andikeni kwa Kiswahili, changanyeni kama tunavyochanganya sokoni.

Jambo la nne: waiteni ma-VJ wa vibandani waje kufundisha. Mtu anayeweza kuwa sauti ya adui, bibi na mtoto katika dakika moja ni mwalimu, hata kama hana cheti.

Kaluuya mwenyewe ameshaanza kugeuka mtoaji wa nafasi. Mwaka 2023 aliongoza, pamoja na Kibwe Tavares, filamu ya The Kitchen kuhusu watu wanaofukuzwa kwenye nyumba za halmashauri London, na ndani yake kijana Jedaiah Bannerman akapata nafasi yake. Huo ndio mzunguko ninaoutaka hapa kwetu.

Mwenyekiti, naomba walimu wa shule za jirani tubaki dakika chache baada ya maswali, tukubaliane ni darasa la shule ipi litakalofunguliwa Jumamosi ijayo na nani atakayeshika ufunguo. Maswali nayapokea, nianze na vijana mlioko mlangoni.